Vulcan: sayari iliyoaminiwa kwa hoja nzuri

Kwa karibu nusu karne, kuanzia mwaka 1859, baadhi ya wanaastronomia hodari kabisa wa Ulaya na Marekani waliisaka sayari ambayo haikuwepo. Waliipa jina, Vulcan. Walipiga hesabu ya mwaka wake wakapata siku 19 na saa 17. Walikadiria umbali wake kutoka kwenye Jua, kilomita milioni 21 hivi. Serikali ya Ufaransa ilimtunuku nishani daktari wa kijijini aliyesema kwamba ameiona kwa macho yake.

Kisa hiki husimuliwa mara nyingi kama kichekesho, habari ya wasomi waliojidanganya. Usimulizi huo unawadhulumu wao na kutunyima sisi funzo lenyewe. Aliyeongoza msako, Mfaransa Urbain Le Verrier, alikuwa na sababu nzuri za kuamini alichoamini. Yeyote ambaye angepewa ushahidi uliokuwa mezani pake mwaka 1859, kama ana akili timamu na anaijua hesabu, angeelekea kulekule. Swali linalonikereketa ni jingine: ushahidi uliposhindwa kutokea mahali ulipongojwa, imani ilitakiwa ipungue kwa kiasi gani? Na sehemu ya imani iliyopungua, nani alistahili kuipokea?

Usiku wa Berlin

Huwezi kuielewa Vulcan bila kuanza na Neptuni. William Herschel aliigundua Uranusi tarehe 13 Machi 1781 akiwa Bath, Uingereza. Baadaye ikabainika kwamba watu walikwishaiona kabla yake, wakaiandika kwenye orodha zao kama nyota ya kawaida, kwa hiyo kulikuwa na rekodi za miongo mingi za kulinganisha. Hapo ndipo tabu ilipoanza. Alexis Bouvard alipochapisha majedwali yake ya mwendo wa Uranusi mwaka 1821, alishindwa kuzipatanisha rekodi za kale na zile mpya. Miaka ikaenda, na sayari ikazidi kuiacha njia iliyopangiwa na hesabu.

Kulikuwa na njia mbili za kutoka. Ama kanuni ya mvutano ya Newton hulegea huko mbali, ama kuna kitu kisichoonekana kinachoivuta Uranusi. Le Verrier alishika ya pili, akaifanya hesabu kinyumenyume: badala ya kuanza na sayari ili apate mvuto, alianza na mvuto ili apate sayari. Barua yake ilimfikia Johann Galle mjini Berlin tarehe 23 Septemba 1846. Usiku uleule Galle na kijana Heinrich d'Arrest walielekeza darubini pale walipoambiwa, mmoja akizitaja nyota na mwingine akizikagua kwenye ramani mpya. Haikuchukua muda mrefu wakaikuta moja isiyo kwenye ramani, chini ya nyuzi moja kutoka mahali palipotajwa. Mwingereza John Couch Adams naye alikuwa amepiga hesabu za namna hiyohiyo.

Uzito wa tukio hili ndio msingi wa kila kilichofuata. Ushahidi hauwi mzito kwa sababu tu unakubaliana na dhana yako. Uzito wake unapimwa kwa kuuliza: kama dhana yangu si kweli, jambo hili lilikuwa na nafasi gani ya kutokea hata hivyo? Anga ni pana mno. Kama hapakuwa na sayari inayoivuta Uranusi, nafasi ya kuelekeza darubini sehemu moja finyu na kukuta sayari mpya palepale ilikuwa karibu na hakuna. Kwa hiyo usiku mmoja ulitosha kuipandisha dhana kutoka kwenye kukisia hadi kwenye yakini.

Wapo waliotia doa. Le Verrier alikuwa amekisia kwamba sayari hiyo ipo mbali kiasi cha mara 36 ya umbali wa Dunia na Jua, kumbe ipo kwenye mara 30. Mmarekani Benjamin Peirce wa Harvard akasema ugunduzi ule ulikuwa bahati njema. Nadhani Peirce alikuwa sahihi kuhusu njia ya sayari, lakini alikosea kuhusu maana ya tukio. Kosa la umbali halikuharibu sana mwelekeo katika miaka ileile ambayo Uranusi na Neptuni zilikuwa zikivutana kwa nguvu zaidi. Hesabu ilikuwa inajibu swali la "wapi", na hapo ilijibu vizuri.

Basi mtu huyu alitoka Berlin, kwa namna ya kusema, na kitu kikubwa kuliko sayari. Alitoka na hoja iliyokwisha kujaribiwa: mwendo ukienda kombo, tafuta kitu kilichofichika, kanuni ya Newton haina kosa.

Sekunde 38

Utaridi, ambayo vitabu vingi vya shule huiita Zebaki, hulizunguka Jua kwa njia iliyonyooshwa kidogo kama yai. Ile sehemu ya njia iliyo karibu zaidi na Jua haikai mahali pamoja, nayo husogea polepole mwaka hadi mwaka. Sababu kubwa ni mvuto wa sayari nyingine. Kwa vipimo vya leo, sayari zote pamoja huisogeza kwa sekunde za pembe 532 hivi kwa karne, na katika hizo Zuhura peke yake huchangia 277 na Mshtarii 153. (Nyuzi moja ina sekunde 3,600, kwa hiyo tunazungumzia kitu kidogo sana.) Lakini uangalizi unaonyesha mwendo wa sekunde 574 au zaidi kidogo.

Le Verrier alilipata pengo hili mwaka 1859, akitumia rekodi za Utaridi kupita mbele ya uso wa Jua kuanzia mwisho wa karne ya 17. Yeye alipata sekunde 38 kwa karne. Simon Newcomb alilirudia zoezi hilo mwaka 1882 akapata 43, tarakimu ambayo imesimama mpaka leo.

Wengi humlaumu Le Verrier kwamba alirukia sayari mpya. Hakurukia. Alianza kwa kuuliza kama tungamo la Zuhura limekadiriwa vibaya. Akaona kwamba ili pengo lizibwe, ingebidi Zuhura iongezewe uzito kwa sehemu moja ya kumi, na ongezeko hilo lingeuvuruga mwendo wa Dunia kwa namna ambayo ingekwisha kuonekana. Njia hiyo ikafungwa. Ndipo aliposema kwamba ndani ya njia ya Utaridi kuna mada isiyojulikana, pengine sayari moja, pengine kundi la vipande vidogo.

Dalili ya mvua ni mawingu, na mawingu haya yalifanana mno na yale ya Uranusi. Kanuni ileile, aina ileile ya kosa katika mwendo, mpiga hesabu yuleyule. Wanafalsafa tangu David Hume wametukumbusha kwamba hakuna hoja ya lazima inayotoka kwenye yaliyopita kwenda kwenye yajayo. Ni kweli. Lakini maisha ya sayansi hayaendeshwi kwa hoja za lazima pekee. Yanaendeshwa kwa kukadiria, na mwaka 1859 kadirio la haki kwa kitu kilichojificha karibu na Jua lilikuwa kubwa. Mimi ningempa Le Verrier asilimia 60 bila kusita. Kwa nini nisimpe 90? Nitalifikia.

Daktari na saa yake

Mwezi Desemba 1859 Le Verrier alipokea barua kutoka kwa Edmond Lescarbault, daktari wa Orgères-en-Beauce. Alisema kwamba tarehe 26 Machi mwaka ule aliona doa dogo jeusi, la mviringo kamili, likilivuka Jua kwa muda wa saa 1 na dakika 17. Alikuwa amekaa kimya miezi tisa, na aliandika baada ya kusoma habari za dhana ya Le Verrier.

Le Verrier alifunga safari hadi kijijini akiwa na shahidi mmoja, akagonga mlango bila kujitambulisha, akamhoji daktari kwa ukali. Alikuta saa isiyo na mshale wa sekunde. Sekunde zilihesabiwa kwa mpira wa pembe ya ndovu ulioning'inizwa kwa uzi wa hariri. Alipouliza yalipo mahesabu, akaambiwa yameandikwa juu ya mbao, na mbao zikijaa daktari huzipiga randa aandike upya. Pamoja na hayo aliondoka ameridhika. Mwezi Januari 1860 habari ikatangazwa, na daktari akapewa nishani ya Légion d'honneur.

Hapa ndipo napoona kosa la kwanza la kweli, na linafundisha kuliko mengine yote. Le Verrier alimhoji Lescarbault ili ajue kama ni mkweli. Daktari alikuwa mkweli, bila shaka. Ila ukweli wa shahidi ni nusu tu ya jambo. Nusu ya pili ni lile swali la Berlin: kama sayari haipo, ripoti kama hii ilikuwa na nafasi gani ya kutokea? Na jibu lake ni tofauti kabisa na lile la Neptuni. Jua lina madoa yake yenyewe, mengine madogo na ya mviringo. Kulikuwa na watu wengi Ulaya wenye darubini wakilitazama Jua, mwaka baada ya mwaka. Kati ya saa zote hizo za kutazama, kuwepo kwa ripoti chache za doa la mviringo linalosogea ni jambo la kutarajiwa, sayari iwepo isiwepo. Ushahidi unaotarajiwa kwa pande zote mbili hauwezi kuisogeza mizani, hata ukitolewa na mtu mwaminifu namna gani.

Kulikuwa pia na mashahidi wa upande wa pili. Emmanuel Liais, Mfaransa aliyekuwa akifanya kazi Brazili, alisema alikuwa akilichunguza Jua saa ileile kwa darubini yenye nguvu zaidi, na hakuona kitu. Na kabla ya hapo yupo Heinrich Schwabe wa Dessau, Ujerumani. Huyu alianza kulitazama Jua mwaka 1826 akiwa na shabaha hiyohiyo ya kuinasa sayari iliyo ndani ya njia ya Utaridi. Alilitazama kila siku anga ilipokuwa safi, na baada ya miaka 17 alichokuwa nacho mkononi ni kitu kingine kabisa: aligundua kwamba madoa ya Jua huongezeka na kupungua kwa mzunguko wa miaka kama kumi. Dunia ikamsifu kwa mzunguko huo, na kwa haki. Lakini miaka 17 ya kutoiona sayari nayo ilikuwa ugunduzi, na hakuna aliyeiingiza kwenye hesabu.

Kuna jambo moja zaidi ambalo huachwa nje ya masimulizi. Kwa vipimo vya Le Verrier mwenyewe, kitu alichokiona daktari kilikuwa na tungamo la sehemu moja ya 17 ya Utaridi. Hicho kisingetosha hata kidogo kuziba pengo la sekunde 38. Zingehitajika sayari nyingi za namna ile, naye Le Verrier alilijua hilo. Kwa hiyo hata Lescarbault angekuwa ameiona sayari kweli, fumbo la Utaridi lingebaki palepale.

Uzito wa kimya

Baada ya hapo ukaja msako. Mwezi Machi na Aprili 1860 wanaastronomia walilikodolea macho Jua siku ambazo Vulcan ilitazamiwa kupita. Haikupita. Ripoti za madoa ziliendelea kuja kwa vipindi. Tarehe 4 Aprili 1876 mtu mmoja huko Peckeloh, Ujerumani, akaripoti doa la mviringo, na msisimko ukarudi. Picha na michoro ya Greenwich na Madrid ikaonyesha kwamba lilikuwa doa la kawaida la Jua. Lakini Le Verrier alikuwa amekwisha kuamka upya. Alizipitia ripoti za miaka mingi, akachagua chache zilizoweza kukubaliana juu ya njia moja, akatabiri kwamba sayari huenda ikapita mbele ya Jua tarehe 22 Machi 1877. Telegramu zikapelekwa pande nyingi za dunia. Siku ikafika, watu wakatazama, hapakuwa na kitu.

Zoezi hilo la kuchagua lisipite hivihivi. Ukiwa na rundo la ripoti zisizo na uhusiano wowote, na una uhuru wa kuamua zipi uzibakize, karibu kila mara utapata chache zinazoweza kupangwa kwenye mstari mmoja. Kukubaliana kwao kunatoka kwenye mkono uliozichagua. Le Verrier, aliyekuwa mkali kupindukia kwa tarakimu za wenzake, hapa aliruhusu hitimisho lichague ushahidi wake.

Sasa tupige hesabu, maana bila hesabu maneno kama "ushahidi ulipungua" hayamwambii mtu kitu. Tarakimu hizi ni zangu, za kuonyesha njia tu. Tuseme mwaka 1860 tunagawa imani yetu hivi: sayari asilimia 60, vumbi au mada iliyotawanyika karibu na Jua 20, kanuni ya Newton ina kasoro 5, na jambo jingine ambalo hakuna aliyeliwaza bado, 15. Tuseme pia kwamba kama sayari ipo, kila msako una nafasi ya nusu kwa nusu ya kuiona.

Msako wa kwanza ukishindwa, fungu la sayari linakatwa nusu, linabaki 30. Mafungu mengine hayaguswi, kwa kuwa yote yalitabiri kwamba hakitaonekana kitu. Jumla sasa ni 70, na sayari ina 30 katika 70, yaani asilimia 43. Msako wa pili: 27. Wa tatu: 16. Baada ya misako sita sayari imebakiwa na asilimia 2 na ushei. Hii ndiyo kanuni ya Thomas Bayes, iliyosomwa hadharani mwaka 1763 baada ya kifo chake, ikifanya kazi yake bila makelele.

Lakini badilisha kitu kimoja tu. Tuseme kila msako una nafasi ya moja katika kumi ya kuiona sayari, si nusu. Baada ya misako sita ileile iliyoshindwa, sayari bado ina asilimia 44. Hapo mtu anaweza kuendelea kuamini kwa heshima zake zote.

Kwa hiyo ugomvi wote wa Vulcan, ukiuvua maneno, ulikuwa juu ya namba moja: msako mmoja uliweza kuona kwa kiasi gani? Ukimtafuta mbuzi kwenye zizi ukakuta zizi tupu, mbuzi hayumo. Ukimtafuta msituni usimwone, hujajua lolote. Karibu na Jua palikuwa zizi au msitu? Waumini wa Vulcan walisema msitu: mwanga ni mkali, njia ya sayari imeinama, mara nyingi ingepita juu au chini ya uso wa Jua. Hoja hizi hazikuwa za kipuuzi. Tatizo ni kwamba zililetwa baada ya kila kushindwa, si kabla. Mtu akitabiri kwamba sayari itapita tarehe 22 Machi, anakuwa amekiri kwamba siku hiyo anatazama zizini. Asipoiona, hana ruhusa ya kuligeuza zizi kuwa msitu usiku wa siku hiyo. Namba ya uwezo wa kuona lazima iandikwe kabla ya kutazama. Hapo ndipo uaminifu wote wa hesabu ya uwezekano unapokaa, na ndipo unapovunjwa kirahisi zaidi.

Tahadhari moja: misako inayoshindwa kwa sababu ileile haihesabiki kama misako mingi. Watu kumi wakizuiwa na mng'ao uleule wa Jua wametazama mara moja tu. Ndiyo maana kupatwa kwa Jua kulikuwa na thamani ya pekee, kwa kuwa mng'ao wenyewe unaondolewa.

Le Verrier alifariki tarehe 23 Septemba 1877, miaka 31 kamili baada ya usiku wa Berlin. Mwaka uliofuata, tarehe 29 Julai 1878, kivuli cha Mwezi kilipita Wyoming na Colorado. James Craig Watson, mtu aliyekwisha kugundua asteroidi nyingi na asiyeshukiwa uzembe, alisema ameona vitu viwili visivyojulikana karibu na Jua. Lewis Swift, aliyekuwa Denver, akasema naye ameona viwili. Magazeti yalishangilia. Lakini mahali walipovitaja hapakupatana sawasawa, waangalizi wengine wa kupatwa kulekule hawakuona kitu, na C. H. F. Peters akaandika kwa ukali kwamba Watson alizitazama nyota mbili za kundi la Kaa zinazojulikana siku zote. Watson alijenga mtambo wa kuchungulia anga uliokuwa chini ya ardhi huko Madison, Wisconsin, ili aione Vulcan mchana, akafariki mwaka 1880 kabla haujakamilika. Edward Holden aliukamilisha, na hakuona chochote.

Mambo yaliamuliwa na kamera. Wanaastronomia wa kituo cha uangalizi cha Lick, California, walipiga picha za eneo la karibu na Jua wakati wa kupatwa kwa mwaka 1901 kule Sumatra, wakarudia 1905 na 1908. Bamba la picha halina hamu ya kuona kitu, na uwezo wake wa kuona unajulikana kabla: linanasa nyota za mwangaza kiasi fulani, na sayari ya mwangaza huo ingenaswa. Kila nukta ilitambuliwa kuwa nyota inayojulikana. Hapo zizi lilikuwa zizi kweli.

Fungu la lisilowazwa

Turudi kwenye asilimia zangu, maana kuna jambo lililojificha ndani yake. Baada ya misako sita ya nusu kwa nusu, sayari imeshuka hadi 2. Vumbi limepanda kutoka 20 hadi 49 hivi, kasoro ya Newton imefika 12, na lile fungu la "jambo lisilowazwa" limetoka 15 hadi karibu 37. Halikuletewa ushahidi hata mmoja. Halikutabiri kitu. Limepanda kwa sababu tu jirani yake ameanguka.

Hii ndiyo sababu nilimpa Le Verrier 60 na si 90. Anayeanza kwa kugawa asilimia zote 100 kwa dhana anazozijua, na kuliacha fungu hili na sifuri, hawezi kulirudisha tena. Sifuri katika hesabu ya Bayes haifufuki. Hata ungezidisha na ushahidi gani, itabaki sifuri. Mtu wa namna hiyo, dhana moja ikifa, analazimika kuzigawia zilizobaki imani isiyo yake, na ndivyo ilivyokuwa. Asaph Hall alipendekeza mwaka 1894 kwamba kipeo katika kanuni ya Newton (namba inayoonyesha mvuto hupungua kwa kasi gani umbali ukiongezeka) kisiwe 2 bali 2.00000016. Pengo la Utaridi likazibwa, lakini hesabu za mwendo wa Mwezi za Ernest Brown zikaukataa mrekebisho huo miaka michache baadaye. Hugo von Seeliger alileta vumbi mwaka 1906, akilipanga kwa namna ambayo ingetoa sekunde zinazotakiwa.

Kukiri fungu la lisilowazwa kuna ugumu wake, na sitaki kuuficha. Kanuni ya Bayes hudai tuseme kila dhana inautabiri ushahidi kwa kiasi gani. Je, dhana ambayo haipo inatabiri nini? Huwezi kujua. Ukiweka namba yoyote hapo unakisia. Wapo wanaoona kwamba ugumu huu unaiangusha njia nzima ya kupima ushahidi kwa uwezekano. Mimi naona unaiwekea mpaka tu. Kanuni inaweza kutuambia jinsi ya kugawana imani kati ya dhana tulizonazo; haiwezi kutuambia ni wakati gani orodha yetu imepungukiwa. Dalili ya hilo huonekana penginepo: dhana zote zilizobaki zinapohitaji kushonewa kiraka kwa ajili ya fumbo moja tu, kama kipeo cha Hall na vumbi la Seeliger, ni wakati wa kulikumbuka lile fungu.

Sekunde 43 zilizokuwa zimekaa mezani

Tarehe 18 Novemba 1915 Albert Einstein alikiwasilishia Chuo cha Sayansi cha Prussia mjini Berlin hesabu ya mwendo wa Utaridi kwa nadharia yake mpya ya mvutano. Ilitoa sekunde 43 kwa karne. Hapakuwa na sayari, vumbi wala kipeo cha kuchezea. Jua lenyewe, kwa nadharia hiyo, huipinda nafasi na wakati kando yake, na Utaridi, iliyo karibu kuliko zote, huuhisi mpindo huo zaidi. Lilikuwa jambo ambalo mwaka 1859 hakuna aliyekuwa na hata maneno ya kulitamka.

Hapa wanafalsafa wa sayansi wamekutana na kikwazo kilichoelezwa vizuri na Clark Glymour mwaka 1980. Kama ushahidi ni kitu kinachoongeza uwezekano wa nadharia, na sekunde 43 zilikuwa zinajulikana tangu Newcomb, basi uwezekano wa sekunde hizo kuwa kweli ulikuwa tayari karibu na 1. Kitu chenye yakini hakiwezi kuipandisha nadharia yoyote. Ukikiingiza kwenye kanuni, namba inayotoka ni ileile iliyoingia. Basi Utaridi haiungi mkono nadharia ya Einstein hata kidogo? Hakuna mwanafizikia anayeweza kulikubali hitimisho hilo, wala mimi silikubali.

Majibu ni mengi. Linaloniridhisha linapatikana katika karatasi ambazo Einstein aliziandika pamoja na rafiki yake Michele Besso mwaka 1913. Wakati huo alikuwa na nadharia ya awali ya mvutano, iliyokaribiana na ile ya mwisho lakini yenye kasoro, na wawili hao waliitumia kwa swali lilelile la Utaridi. Sekunde 43 zilikuwa zinajulikana, wao walizitamani, na hesabu ikawapa 18. Nadharia haikuwa na skrubu ya kukaza ili namba ipande, kwa hiyo 18 ilibaki 18.

Miaka miwili baadaye, milinganyo ilipobadilishwa kwa sababu nyingine kabisa, zilitoka 43. Tarakimu ya Utaridi ilikuwa ya zamani. Kilichokuwa kipya, na ambacho kingeweza kabisa kwenda upande mwingine kama kilivyokwenda 1913, ni kwamba nadharia hii inatoa tarakimu hiyo. Ushahidi uliopatikana Novemba 1915 ulihusu uhusiano huo, na kabla ya kalamu kuwekwa chini hakuna mtu aliyekuwa na haki ya kusema uwezekano wake ni 1.